Nilivyofanikiwa kuotesha ua la buluu la jangwani

Mara mbili nilipanda mbegu za Phacelia campanularia, ua dogo linalojiotea katika majangwa ya Mojave na Sonora, kusini mwa California nchini Marekani, na mara zote mbili niliambulia patupu. Kwanza nilizitawanya juu ya udongo bila kuzifunika, kama nilivyozoea kufanya kwa mbegu ndogondogo, nikakiweka chungu juani. Wiki tatu zikapita bila chipukizi hata moja. Mara ya pili ilitokeza miche michache, lakini nilipoing'oa ili kuihamishia chungu kikubwa, yote ilinyauka kabla ya siku mbili kwisha, kwani mizizi ya mmea huu haipendi kuguswa.

Hata hivyo, miche hiyo ndiyo iliyonifumbua macho, kwa kuwa yote ilikuwa imechipuka ukingoni mwa chungu, pale ambapo maji ya kumwagilia yalikuwa yamesukuma udongo ukazifukia mbegu. Mbegu hizi huota gizani, na mwanga huzizuia. Nadhani hiyo ni busara ya jangwani, maana mbegu inayochipuka juu ya mchanga hukaushwa na jua kabla mzizi haujaufikia unyevu.

Safari ya tatu nilisubiri majira ya baridi, kwa kuwa huko kwao mbegu huamshwa na mvua za kipindi hicho. Nilichanganya mchanga mwingi na udongo kidogo, bila samadi, nikapanda katika chungu cha kudumu na kuzifunika mbegu kwa mchanga wa kina cha milimita 5 hivi. Siku ya 14 miche ilitokeza.

Kupunguza miche iliyosongamana kuliniachia vipele kwenye kifundo cha mkono, kwa sababu majani na mashina yana vinyweleo vyenye ute unaonata ambao huwasha ngozi ya baadhi ya watu. Tangu hapo navaa glavu. Ua lenyewe lilipofunguka lilikuwa kengele ya buluu iliyokolea kiasi kwamba picha zangu zote zimelipunja, na ndani yake vichwa vyeupe vya chavua vilichomoza juu ya vikonyo vyembamba.

Vifuko vya mbegu vilipokauka nilikusanya mbegu zipatazo kijiko kimoja. Zilizosalia niliziacha zidondoke katika chungu kilekile, kisha nikazinyunyizia mchanga.