Mzee wa Kirusi pale Manzese

The Avengers ilitoka 2012, lakini kwenye vibanda umiza filamu mpya ilikuwa lazima ipite kwanza kwa dijei wa kutafsiri, kwa hiyo ilitufikia imechelewa. Mpwa wangu akanivuta Manzese tukaiangalie. Tulibanana kwenye benchi, feni inazunguka bila faida.

Mara akatokea jenerali wa Kirusi, mzee, kamfunga Scarlett Johansson kwenye kiti, anamhoji. Nikasimama. "Huyo ni Skolimowski!"

"Mjomba, kaa, unawaziba watu."

Nikakaa, ila mdomo haukukaa. Nilisoma Łódź, Polandi, mji aliozaliwa mwongozaji filamu Jerzy Skolimowski mwaka 1938 na ambako alisomea filamu. Nikaanza kumnong'oneza mpwa. Huyo mzee kwanza ni mwandishi. Alikuwa kijana mshairi tu, akaonyeshwa muswada wa Jerzy Andrzejewski, mwandishi mkubwa, ambao mwongozaji Andrzej Wajda alitaka kuufanya filamu. Unahusu vijana. Akausoma, akasema vijana hawaishi hivyo. Akaambiwa basi andika wewe! Ikatoka Niewinni czarodzieje, 1960, na humo ndani kaigiza bondia, maana ngumi alikuwa anazijua kweli. Mwaka 1962 ikaja Nóż w wodzie, aliyoiandika pamoja na mwongozaji wake Roman Polanski na Jakub Goldberg: watu watatu, mashua, kisu. Ikawa filamu ya kwanza ya Polandi kuteuliwa kugombea Oscar.

Pale kwenye skrini Skolimowski alifungua mdomo, ikatoka sauti ya dijei: "We dada, leo utaimba taarabu hapa!" Kibanda kizima kikacheka. Nilicheka kuliko wote. Hata yule kijana wa kwenye mashua katika Nóż w wodzie, Zygmunt Malanowicz, sauti tunayoisikia si yake, ni ya Polanski. Na aliyemsahihisha Andrzejewski leo anasahihishwa na dijei wa Dar.

Kilichonikera ni kingine. Mpolandi akifika Hollywood hufanywa Mrusi. Mwaka 1985, kwenye White Nights, Skolimowski alikuwa kanali wa KGB, majasusi wa Kisovieti. 2007, kwenye Eastern Promises, Mrusi tena.

"Mbona sasa anapigwa?" mpwa akauliza.

Kweli, Johansson alishawatandika wote na mzee ananing'inia kichwa chini, mnyororo mguuni. Wapo wangeona kajishusha. Mimi sioni. Huyu katika filamu zake Rysopis na Walkower aliandika, akaongoza, kisha akasimama mwenyewe mbele ya kamera kama Andrzej Leszczyc, kijana asiye na mbele wala nyuma. Kuigiza hakukuwa kibarua cha uzeeni.

"Ana nyingine yenye ngumi?"

"Ipo Walkower. Bondia ni yeye mwenyewe."

"Imetafsiriwa?"

"Haijatafsiriwa."

"Si unajua Kipolandi? Tafsiri wewe, mjomba."