Gunia la Kibaigwa Likipungua Uzito: Ugogo wa Kubuni kwa Watoto wa Ughaibuni

Mbukwenyi, kama tunavyosalimiana Kigogo. Haya ni kwa wazazi wa Dodoma mlioko Minnesota na kwingine kwenye theluji, ambao watoto wenu wanaijua Dodoma kwa picha za simu tu. Desemba giza linapoingia saa kumi na moja jioni na kila mtu amejifungia ndani, kuna mchezo unaofaa: kujenga Ugogo (nchi ya Wagogo, huko Dodoma) wa kubuni ambamo kila usiku sheria moja ya maumbile inageuka. Asubuhi inarudi ilivyokuwa.

Vifaa ni sinia, mchanga kilo 2, mawe matano sita, tochi, na kipande cha karatasi ya kung'aa cha kuwa bwawa la Mtera. Weka Mtera kusini, Kibaigwa mashariki, Bahi magharibi, Kondoa kaskazini. Ramani haibuniwi. Mtoto akishaona kwamba hata mahali pa Kondoa panaweza kuhamishwa, hatashangaa tena sheria ikibadilika, maana hana cha kulinganishia.

Na sheria iwe moja tu. Hapa ndipo wengi wanaharibu: wanaondoa mvutano wa dunia, wanaongeza jua la pili, kisha ng'ombe wanaanza kuongea. Baada ya dakika kumi lolote linawezekana, na mtoto anarudi kwenye tableti yake.

Chagua sheria inayouma kule Dodoma. Barafu kuzama badala ya kuelea, kwa mfano, haitoshi. Kwa maziwa ya Minnesota hilo ni balaa, kwa kuwa yangeganda kuanzia chini na samaki wasingekuwa na pa kukimbilia. Mtera haigandi. Kitakachobadilika Dodoma ni glasi ya juisi, basi.

Sauti inafaa zaidi. Ipunguze kasi mara kumi, kutoka karibu mita 340 kwa sekunde hadi 34. Radi ikipiga kilomita moja kutoka ulipo, ngurumo iliyokuwa inakufikia kwa sekunde 3 sasa inachukua 30. Treni ya umeme ikija kwa kilomita 160 kwa saa inakwenda mita 44 kwa sekunde, kwa hiyo inafika stesheni kabla ya honi yake. Watoto hupenda sana hapo, waache waigize.

Msuguano upunguze, usiuondoe. Ukiuondoa wote, kilima cha mchanga kwenye sinia kinatandazika, misumari inachomoka, mafundo yanafunguka, na zeze linakuwa bubu, kwa sababu upinde hutoa sauti kwa kuushika uzi na kuuachia, kuushika na kuuachia.

Usiku wenye utamu ni ule wa kupunguza mvutano wa dunia kwa nusu. Anza na ushahidi. Funga ufunguo kwenye uzi wa mita 1, uning'inize ngazini, uusukume kidogo: kwenda na kurudi ni sekunde 2. Sasa refusha uzi uwe mita 2, itakuwa karibu sekunde 2.8. Mwendo huo wa kivivu ndio ambao uzi wa mita 1 ungekuwa nao katika Ugogo wa usiku huo.

Kisha nendeni soko la mahindi la Kibaigwa. Gunia la mahindi la kilo 100, kuliinua ni kama kuinua la 50. Leta mizani. Ile ya springi, ya kuning'iniza, inasoma 50. Mizani ya mawe inasoma 100 kama jana, kwa kuwa jiwe nalo limepungua nusu. Mtoto awe mkulima, wewe uwe dalali, halafu mwulize atakubali mizani ipi. Akikubali ile ya springi, nunua gunia lake kwa mizani hiyo, kisha liuze kwa ile ya mawe mbele ya macho yake. Dalali wa namna hiyo hahitaji hata lumbesa, lile gunia la kujazwa kupita kiasi.

Kuinua kumekuwa rahisi, kusimamisha hapana. Watu wazima wengi hukosea hapa. Tungamo la fuso lililojaa magunia halikupungua. Kilichopungua ni nguvu ya tairi kukandamiza lami, kwa hiyo breki zinashika nusu. Fuso lililokuwa linasimama kwa mita 40 litahitaji 80, na trafiki atakuwa amebaki nyuma.

Ukifika jikoni utakuta hewa nayo imekuwa nyepesi. Dodoma iko mita 1,100 na ushee juu ya bahari, ndiyo maana hata leo maji yake huchemka karibu nyuzi 96 badala ya 100. Usiku huo yatachemka karibu nyuzi 80. Sufuria itatokota kwa fujo lakini kunde zitakesha motoni. Kuongeza kuni hakusaidii, maana moto mkali unaongeza mvuke tu, si joto la maji. Dawa ni sufuria ya presha.

Mwisho mlete tembo. Inasimuliwa kwamba jina Dodoma limetokana na tembo aliyedidimia kwenye tope. Mtoto atasema usiku huo hazami kwa sababu ni mwepesi. Mkatalie kwanza: kama ni maji, kina hakibadiliki, kwa kuwa maji yanayombeba nayo yamepungua uzito kwa kiasi kilekile. Lakini tope lina kunata, na kunata hakutegemei mvutano wa dunia. Tembo wa nusu uzito atanaswa juu juu, pengine magotini, kisha atajichomoa aondoke zake.

Hapo atauliza mji ungeitwaje. Swali hilo ni la bibi yake. Mpigieni Jumamosi saa mbili asubuhi ya Minnesota. Majira ya baridi tofauti ni saa tisa, kwa hiyo Dodoma itakuwa saa kumi na moja jioni, kabla hajaanza kusonga ugali.