Agustina Bessa-Luís: riwaya iliyokataa kunyamazishwa na kamera

Hapa Tanga mtu akiuliza mwandishi wetu ni nani, tunamtaja Shaaban Robert na mazungumzo yanaendelea. Wareno wa kaskazini, hasa wa Porto na bonde la mto Douro, wana mtu wao wa namna hiyo, ingawa kwetu hasikiki sana: Agustina Bessa-Luís, aliyezaliwa tarehe 15 Oktoba 1922 huko Vila Meã, karibu na Amarante, na aliyefariki Porto tarehe 3 Juni 2019 akiwa ameacha riwaya nyingi, wasifu, tamthilia na insha.

Hata ndoa yake ilianzia kwenye maandishi. Akiwa binti, alitoa tangazo katika gazeti la O Primeiro de Janeiro akitafuta mtu msomi wa kuandikiana naye barua. Aliyejibu vizuri alikuwa Alberto Luís, mwanafunzi wa sheria, wakaoana mwaka 1945. Miaka mingi baadaye Agustina alikuja kuliongoza gazeti lilelile.

Kitabu kilichomtangaza ni A Sibila cha mwaka 1954. Mhusika wake mkuu, Quina, ni mwanamke wa shamba asiye na elimu kubwa, anayeinua mali ya ukoo iliyokuwa ikiporomoka na hatimaye kuheshimiwa kama mwenye kuona yaliyofichika. Msomaji wa pwani atamfahamu upesi, maana mabibi wa aina hiyo, wanaoshika hati za mashamba huku watu wakiwaendea kwa ushauri, hatukuwakosa.

Upande wa sinema ndio unaonivutia zaidi. Mwongozaji Manoel de Oliveira aliichukua riwaya yake Fanny Owen ya mwaka 1979, akaitolea filamu ya Francisca mwaka 1981, na tangu hapo wakafanya kazi pamoja, kwa mabishano mengi, kwa zaidi ya miaka ishirini. Oliveira alipotaka kuifanya hadithi ya Madame Bovary, riwaya maarufu ya Mfaransa Gustave Flaubert, kuwa ya Kireno, alimwomba Agustina aandike kwanza riwaya nzima. Ikatoka Vale Abraão mwaka 1991, na filamu ikafuata mwaka 1993. Sijui waongozaji wangapi wangekuwa na subira hiyo, kusubiri kitabu kizima ndipo kamera iwashwe.

Filamu hiyo, yenye urefu wa zaidi ya saa tatu, niliitazama nyumbani Chumbageni pamoja na mama mdogo, aliyezoea sinema za Kihindi. Ema, msichana mzuri anayechechemea, anasimama barazani, na madereva wanaopita chini wanamkodolea macho hadi wanagonga. Wakati wote sauti ya msimuliaji inaendelea kumchambua kwa sentensi ndefu za riwaya.

“Mwanangu, hii ni sinema au ninasomewa kitabu?” aliuliza mama mdogo.

“Vyote viwili, mama.”

“Basi mwambie apunguze maneno, nataka kumwona binti.”

Lalamiko lake ni la haki, lakini mimi naona maneno hayo ndiyo uti wa filamu. Picha inatuonyesha uzuri wa Ema, na msimuliaji anatueleza jinsi uzuri huo unavyowatia watu hofu na yeye mwenyewe unavyomchosha, hadi siku anapopita katikati ya michungwa kuelekea mtoni na kukanyaga ubao mbovu wa gati. Ema alipofika hapo, mama mdogo hakulalamika tena.

Baadaye Agustina aliiandikia filamu ya Party, ya mwaka 1996, majibizano yake moja kwa moja, na riwaya zake nyingine zikazaa filamu za O Princípio da Incerteza mwaka 2002 na Espelho Mágico mwaka 2005. Tuzo ya Camões, tuzo kubwa ya fasihi ya lugha ya Kireno, aliipata mwaka 2004. Miaka miwili baadaye ilitoka A Ronda da Noite, riwaya yake ya mwisho, kisha maradhi yakamwondoa hadharani.

Anayetaka kumsoma bila kujua Kireno atafute tafsiri za Kifaransa, ambazo ni nyingi kuliko za Kiingereza, na kama ana jioni ndefu, aanze na Vale Abraão kitabu kabla ya filamu.