Mgongo ukishika, usiulize kilo peke yake

Mtu anainama kuokota soksi sakafuni, mgongo unamshika, anabaki amejikunja: kuinuka hawezi, kukaa hawezi. Anayemkuta huuliza, "Umebeba nini kizito?" Hajabeba kitu. Soksi haifiki hata gramu 100. Ukishikilia swali la uzito hutapata jibu, kwa sababu kinachouchosha mgongo ni mambo matatu yanayokwenda pamoja: kitu kiko mbali kiasi gani na mwili, mgongo umepinda kwa muda gani, na mwili wenyewe ulikuwa katika hali gani kabla ya hapo. Kilo ni sehemu tu ya hesabu.

Kwanza ukubwa wa tatizo. Kwa makadirio ya Shirika la Afya Duniani, mwaka 2020 watu milioni 619 walikuwa na maumivu ya kiuno, na ifikapo 2050 idadi hiyo inatarajiwa kufika milioni 843, hasa kwa kuwa watu wanaongezeka na wanaishi miaka mingi zaidi. Ndiyo hali inayoongoza duniani kwa kuwafanya watu washindwe shughuli zao. Wanawake wanaumwa zaidi kuliko wanaume, na wagonjwa wengi zaidi wana umri wa miaka 50 hadi 55. Kati ya wagonjwa 10, karibu 9 hawapatikani na ugonjwa au jeraha moja la kunyooshewa kidole. Madaktari huyaita maumivu yasiyo na chanzo mahususi, jina ambalo silipendi, kwa sababu mgonjwa husikia "huna kitu". Ana kitu. Misuli, kano, diski na viungo vidogo vya nyuma ya pingili, yaani mifupa ya uti wa mgongo, vyote vinaweza kuuma, vimesongamana ndani ya sentimita chache, na mishipa ya fahamu inayobeba habari zao inaingiliana. Hakuna kipimo cha kawaida kinachotenganisha kwa uhakika ni nani kati yao anayelia.

Uti wa mgongo una pingili 33: 7 za shingo, 12 za kifua, 5 za kiuno, 5 zilizoungana nyuma ya nyonga, na kwa kawaida 4 ndogo za kifandugu. Zinazosogea ni 24 za juu. Diski zinazokaa kati ya pingili ni pete za nyuzi zilizopangwa matabaka, ndani yake ute mzito uliojaa maji. Kwa mtu mzima diski haina mishipa ya damu isipokuwa ukingoni, hivyo chakula chake hupenya polepole kutoka kwenye mifupa iliyo juu na chini yake, na mwendo wa kugandamizwa na kuachiwa husaidia maji kupita. Mchana kutwa uzito wa mwili huyakamua maji hayo. Jioni mtu huwa mfupi kwa sentimita 1 hadi 2 kuliko alivyoamka. Usiku akilala, diski hunywa tena.

Asubuhi basi diski imevimba na kukaza kama tairi lililojazwa upepo kupita kiasi, na ukiinama wakati huo nyuzi za nyuma huvutwa zaidi kuliko saa sita mchana. Utafiti uliochapishwa mwaka 1998 uliwafundisha watu wenye maumivu sugu ya kiuno kuepuka kuinama asubuhi na mapema, na maumivu yao yakapungua. Ushauri huo haugharimu kitu: kwa saa 2 za kwanza vaa viatu umeketi, mguu mmoja juu ya goti la mwenzake, piga mswaki ukiwa umeegemeza mkono kwenye sinki, kudeki na kufua kwa kuinama kusubiri kidogo.

Turudi kwenye soksi. Misuli inayousimamisha mgongo iko kama sentimita 5 nyuma ya katikati ya diski, na mzigo uko mbele. Ni mzani wenye mkono mmoja mrefu na mwingine mfupi mno. Boksi la kilo 10 likiwa sentimita 50 mbele linaitaka misuli ivute kwa nguvu sawa na kilo 100, yaani 10 mara 50 gawanya kwa 5. Livute boksi hilohilo hadi sentimita 25, nguvu inashuka hadi 50. Hujalipunguza hata gramu. Na kiwiliwili chenyewe ni mzigo: kwa mtu wa kilo 70, sehemu iliyo juu ya kiuno, pamoja na kichwa na mikono, ni takriban kilo 35. Akiinama mpaka kitovu cha uzito huo kiwe sentimita 25 mbele, misuli inavuta kwa nguvu ya kilo 175 kabla vidole havijagusa soksi. Ukiongeza kujipinda ubavuni ili kuifikia chini ya kitanda, ukaongeza na usiku wa kulala saa 4 na siku nzima ya kukaa, soksi haionekani tena kuwa ndogo.

Vipimo vya moja kwa moja vinasema hivyohivyo. Mwaka 1999 watafiti wa Ujerumani walichapisha matokeo ya kifaa kidogo cha kupima mgandamizo kilichowekwa ndani ya diski ya kiuno ya mtu mmoja aliyejitolea. Amelala: megapaskali 0.1. Amesimama: 0.5. Ameshika kilo 20 karibu na mwili: 1.1. Kilo zilezile zikiwa sentimita 60 mbele ya kifua: 1.8. Akizinyanyua kutoka chini kwa mgongo uliopinda kama upinde: 2.3, na kwa kukunja magoti: 1.7. Mtu mmoja hawakilishi wote, kwa hiyo tazama zaidi tofauti kuliko tarakimu zenyewe. Kukaa kwa kujilaza nyuma kitini, kwa njia, kulitoa takriban 0.3, chini ya kusimama. Kukaa kumetukanwa kuliko kunavyostahili. Lawama yake halisi ni kukaa vilevile, saa baada ya saa. Kano za nyuma zikivutwa muda mrefu hulegea polepole, na hazirudi mara moja ukisimama.

Hapo ndipo dereva wa masafa marefu anapoumia. Kiti kinamtikisa mizunguko 4 hadi 8 kwa sekunde, mtikisiko ambao uti wa mgongo huupokea kwa nguvu kuliko mwingine, misuli inachoka, kano zimelegea, kisha anashuka na palepale anaanza kushusha mizigo. Dawa yake ni dakika 5 za kutembea kuizunguka gari, kisha kuweka viganja kiunoni na kujinyoosha kwa nyuma mara 5 hadi 10, kisha kuanza na vitu vyepesi. Wauguzi nao wana shida ya aina nyingine: mgonjwa si boksi. Hana vishikio, uzito wake unahama, na akiteleza mikononi silika humtuma muuguzi kumdaka huku amejipinda. Watu wawili na shuka la kumtelezeshea mgonjwa huokoa migongo mingi kuliko semina za kunyanyua.

Kwa anayetaka kiwango cha kazini, NIOSH, taasisi ya usalama na afya kazini ya Marekani, hutumia kilo 23 kama kikomo, lakini soma masharti yake: mzigo uko sentimita 25 tu mbele ya vifundo vya miguu, umeanzia kimo cha sentimita 75 hivi, una vishikio vizuri, hujipindi, na hunyanyui mara kwa mara. Sogeza mzigo hadi sentimita 50 na kikomo kinakuwa kilo 11.5. Geuka nyuzi 45 ubavuni ukiwa nao, kinashuka chini ya kilo 10. Mifuko ya kilo 50 inayobebwa na mtu mmoja iko nje ya jedwali hilo kabisa.

Kunyanyua kwenyewe kunaharibika zaidi mwanzoni. Watu hushika mzigo mahali ulipo badala ya kuusogeza kwanza. Uburute hadi uwe kati ya miguu yako, mguu mmoja mbele kidogo ya mwingine. Ujaribu kwa kuinua kona moja ujue uzito wake, kwa kuwa misuli ikijiandaa kwa kilo 5 ikakutana na 25 huchelewa kujibu. Kunja nyonga na magoti pamoja, vuta pumzi, kaza tumbo, nyanyua bila kukurupuka, mzigo ukigusa mwili. Ukitaka kugeuka, geuza nyayo. Msemo wa "kunja magoti, mgongo wima" peke yake una kasoro: mzigo mpana usiopita kati ya magoti hulazimika kwenda mbele yake, na umbali unaongezeka kuliko ungeinama kwa nyonga.

Mizigo haimalizi orodha ya visababishi. Uvutaji wa sigara umehusishwa na maumivu ya mgongo, na unene uliopitiliza vilevile. Usingizi mbovu, msongo wa mawazo na kazi isiyompa mtu uhuru wa kupumzika huongeza uwezekano wa maumivu ya siku chache kugeuka ya miezi. Hilo halina maana ya kwamba mtu anajisingizia. Mfumo wa fahamu uliochoka hupaza sauti ya kila ishara unayopokea. Na kuna kosa la kurudi kwa kishindo: wiki kadhaa za kutofanya lolote, kisha siku moja ya kuhamisha nyumba nzima.

Majeraha yenye jina yapo, na hujitambulisha. Diski iliyopasuka na kusukuma ute nje hutokea zaidi kwenye nafasi mbili za mwisho za kiuno. Maumivu ya mguuni huzidi ya mgongoni, hupita makalioni, pajani hadi chini ya goti, na huchoma mtu akikohoa au kupiga chafya. Wengi wa hao hupata nafuu ndani ya wiki 6 hadi 12 bila upasuaji, na mara nyingi ute uliotoka hupungua wenyewe. Mzee ambaye miguu humjaa ganzi akitembea, ikamwacha akiinama mbele au kuketi, huenda njia ya mishipa ya fahamu mgongoni imekuwa nyembamba. Kijana anayeumwa nusu ya pili ya usiku, akaamka amekakamaa zaidi ya nusu saa, kisha akapata nafuu kwa mazoezi lakini si kwa kupumzika, achunguzwe ugonjwa wa uvimbe wa viungo vya mgongo. Wengi hupoteza miaka wakiambiwa ni uchovu. Mwenye mifupa dhaifu anaweza kuvunjika pingili kwa kuinua ndoo tu, au bila kuinua chochote.

Picha ya MRI haimalizi ubishi. Mapitio ya tafiti yaliyochapishwa mwaka 2015, yakijumuisha watu 3,110 wasio na maumivu yoyote, yalionyesha diski zilizochakaa kwa asilimia 37 ya wenye miaka 20 na asilimia 96 ya wenye miaka 80. Kwa hiyo ripoti ya "diski imechakaa" inaweza kuwa mvi za mgongo tu. Picha ina kazi pale dalili zinapoashiria jambo mahususi, au upasuaji unapofikiriwa.

Siku za kwanza, lala chali na uweke miguu juu ya kiti, nyonga na magoti vikiwa nyuzi 90, kwa dakika 10 hadi 15, kisha inuka utembee kidogo hata kama ni kwa kuburuta hatua, na urudie kila saa. Utafiti wa Helsinki wa mwaka 1995 ulilinganisha siku 2 za kulala kitandani, mazoezi maalumu, na kuendelea na shughuli kadiri maumivu yanavyoruhusu. Waliopona haraka ni hao wa mwisho. Kitambaa cha moto husaidia misuli iliyokaza. Paracetamol peke yake, kwa jaribio kubwa la Australia la 2014, haikuharakisha kupona kuliko kidonge kisicho na dawa. Ibuprofeni husaidia baadhi, lakini mwenye vidonda vya tumbo, ugonjwa wa figo au ujauzito asiinywe bila kumuuliza daktari. Mkanda wa mgongo haujaonyesha kuzuia majeraha kwa wafanyakazi wazima. Pesa hiyo ni afadhali iende kwenye toroli. Godoro gumu kama ubao nalo limesifiwa bure: lile la ugumu wa wastani lilifanya vizuri zaidi lilipojaribiwa kwa wenye maumivu sugu. Kilichoonyesha kupunguza maumivu kurudi ni mazoezi ya mara kwa mara yakiambatana na elimu, na aina ya zoezi haina uzito mkubwa kama kulifanya kweli.

Zipo hali ambazo hazisubiri haya yote. Maumivu yenye homa, kupungua uzito bila sababu, au jasho la usiku yanaweza kuwa maambukizi, kifua kikuu cha uti wa mgongo kikiwa mojawapo. Aliyewahi kuwa na saratani, aliyeanguka kutoka juu, au anayetumia dawa za steroidi kwa muda mrefu aonwe mapema. Maumivu ya ghafla ya tumbo na mgongo kwa mtu mzima wa zaidi ya miaka 60, hasa mvutaji sigara, yanaweza kuwa mshipa mkuu wa damu unaopasuka. Na mtu aliyepata ganzi sehemu za siri na katikati ya mapaja, mkojo ukagoma kutoka au haja ikatoka bila yeye kujua, au miguu yote miwili ikaishiwa nguvu, mishipa ya fahamu ya chini ya uti wake inabanwa: apelekwe hospitali yenye uwezo wa upasuaji usiku huohuo, bila kukandwa wala kunyooshwa na mtu njiani.