Siku moja maishani mwangu: namtafuta msichana wa nne

Saa 10:45 alfajiri. Adhana imenikuta macho, nimeshakaa mezani. Hapa Temeke joto likishaamka huwezi tena kushika kazi ya mikono inayotaka utulivu, kwa hiyo raketi za mpira wa vinyoya (badminton), mchezo ninaoufundisha, nazisuka gizani, taa moja tu ikiwa imewaka ili nisimwamshe mama.

Leo ni Jumanne na nina raketi moja, ya binti ambaye ukumbini tunamwita Shoto kwa sababu anachezea mkono wa kushoto. Nyuzi zilikatika wiki tatu zilizopita, na tangu siku hiyo hajaja mazoezini. Hakuniomba nimsukie. Nimeamua mwenyewe.

Mashine yangu ni ya mkono. Ina chuma kizito kinachoshuka taratibu na kuuvuta uzi mpaka ufikie kipimo. Uzi wenyewe ni kama mita 10, mwembamba hata milimita moja haufiki. Naanza na nyuzi za wima, kutoka katikati kwenda pembeni, moja kulia moja kushoto, maana ukivuta upande mmoja tu fremu inapinda na raketi imekufa. Zikiisha naingia za mlalo: juu ya uzi, chini ya uzi, juu, chini, ncha nikiisukuma kwa kidole cha shahada. Ngozi ya kidole hicho imekuwa ngumu kama ya fundi viatu. Kila uzi wa mlalo ukipita naunyoosha kwa kucha kabla sijauvuta. Ukikosea kupitisha mahali pamoja tu, unafumua mstari mzima.

Navuta ratili 22. Vijana wangu wote wanataka 27 kwa kuwa wamesikia ndivyo wafanyavyo mabingwa. Nyuzi zilizokaza hivyo zinamfaa mtu anayepiga katikati ya raketi kila mara. Anayejifunza anahitaji nyuzi zinazomsukumia kinyoya, kile tunachokipiga badala ya mpira, kifike nyuma ya uwanja. Hili nalisema kila wiki na sitaacha kulisema.

Saa 2:30 asubuhi. Shule moja ya msingi, Ilala. Watoto 40, raketi 12, vinyoya vya plastiki, na kamba niliyoifunga kati ya miarobaini miwili, mita moja na nusu na kidogo kutoka chini, ndio wavu wetu. Uwanjani kuna upepo, kwa hiyo kucheza mchezo kamili ni ndoto. Tunaanza na maputo. Mtoto anapiga puto kwa kiganja, halafu kwa raketi, lisiguse chini. Puto linashuka polepole, linampa muda wa kusogeza miguu, na mpira wa vinyoya ni miguu kwanza, mkono baadaye. Dakika 40 zinakwisha, wananililia niongeze.

Saa 6:15 mchana. Hii ndiyo saa niliyokuwa naiogopa tangu jana. Baba yake Shoto ana duka la vipuri vya magari Gerezani. Nimesimama nje mpaka mteja alipoondoka.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Karibu. Wewe ndiye mwalimu wa ule mpira wa manyoya?"

"Ndiyo baba."

Akanivutia kiti, akaagiza chai ya rangi. Mzee mstaarabu. Akaniambia wazi kwamba na mchezo hana ugomvi, ugomvi wake ni usiku: binti wa kidato cha tatu kurudi saa nne na daladala peke yake, hapana. Sikuwa na la kubishana. Ningekuwa na binti ningesema hivyohivyo.

"Na mchezo wenyewe," akauliza, "unampeleka wapi?"

Nikamweleza habari za kisiwa cha Morisi (Mauritius). Akasema anaijua, nchi ya sukari. Ndiyo hiyo, baba. Watu wake ni kama milioni 1.3, na sensa ya 2022 ilihesabu zaidi ya milioni 5.3 hapa Dar peke yake. Lakini mwaka 2016 wasichana wa Morisi walikuwa mabingwa wa Afrika kwa timu, wakicheza nyumbani kwao Rose Hill, wakaenda China kwenye Kombe la Uber, mashindano makubwa kuliko yote duniani kwa timu za wanawake. Karen Foo Kune alicheza Olimpiki ya London mwaka 2012, na mdogo wake Kate akacheza ya Rio mwaka 2016. Nyumba moja, wachezaji wawili wa Olimpiki. Na pale Rose Hill wana jengo lao la mchezo huu, si ukumbi wa kuazima kwa saa.

Halafu nikamfanyia hesabu ambayo hunikosesha usingizi. Pambano la Kombe la Uber lina mechi 5: tatu za mmoja mmoja, mbili za wawili wawili. Mchezaji anaruhusiwa kucheza mechi moja ya peke yake na moja ya wawili. Kwa hiyo nchi isiyo na watu wengi ikipata wasichana wanne imara, imejaza pambano zima. Nchi kubwa hubeba kumi. Ukiwa na watatu tu, jozi ya pili huna, na unaingia uwanjani umeshapoteza mechi moja. "Mimi ninao watatu, baba. Binti yako ni wa nne."

Hajajibu. Amekoroga chai iliyokwisha korogwa. Kisha akasema: "Saa tatu kamili awe mlangoni kwangu. Si saa tatu na dakika tano."

Kati ya saa 7 na saa 11 sina la kusimulia. Nimekula wali maharage Kariakoo, nikaenda kujinyoosha kwa dada yangu Magomeni.

Saa 12:30 jioni. Upanga. Ukumbi tunaukodi kwa saa mbili, na kila dakika tumeichangia. Kabla ya chochote napima vinyoya. Kinyoya halisi kina manyoya 16 yaliyochomekwa kwenye kizibo, na uzito wake wote ni kati ya gramu 4.74 na 5.50, kwa hiyo hewa ndiyo inayoamua. Joto la Dar linafanya hewa kuwa nyepesi, kinyoya kinakimbia, ndiyo maana natafuta makopo yenye namba za kasi ya polepole. Nasimama kwenye mstari wa nyuma, napiga kwa nguvu zote kutoka chini kwenda juu. Kinatakiwa kitue sentimita 53 hadi 99 kabla ya mstari wa nyuma wa upande wa pili. Cha kwanza kimepita nje kabisa. Cha pili kimetua ndani ya kipimo. Vya kopo la pili ndivyo tutakavyocheza navyo.

Kisha tunazima feni na kufunga madirisha, maana upepo kidogo tu unakihamisha kinyoya. Ndani ya dakika 10 sakafu ina madoa ya jasho na kijana mmoja hana kazi nyingine ila kufuta.

Saa 1:05 mlango umefunguka. Shoto, na kaka yake mdogo nyuma yake amebeba chupa ya maji. Nimempa raketi yake. Ameigonga nyuzi kwa kiganja, akasikiliza mlio, hakusema kitu, akaenda kupasha misuli.

Nimempanga na yule mrefu wa Mbagala. Wachezaji wawili wa mkono wa kulia wakilinda bega kwa bega, kinyoya kinachokuja katikati ni balaa: kila mmoja anamwachia mwenzake. Lakini Shoto akisimama kulia na mwenzake kushoto, mikono yao ya nguvu inakutana pale katikati. Mara tatu za kwanza raketi zimegongana. Nikasimamisha mchezo, nikawaambia waitane. Pigo la nne Shoto amepaza sauti, "Wangu!", akakishusha kinyoya nyuma ya wavu pale ambapo hakuna mtu. Wale wawili wa upande wa pili wakabaki wanatazamana. Nimesubiri mwaka mzima kuiona jozi hii ya pili, na macho yaliniloa, sifichi.

Saa 2:20 nimewatoa mapema, dakika 10 zetu zikabaki ukumbini. Bajaji, mimi na Shoto na kaka yake, raketi katikati ya magoti.

Saa 2:54 tulikuwa mlangoni. Baba yake alikuwa barazani, kanzu imeshabadilishwa kwa shuka. Akaitazama simu yake, akapokea raketi mkononi mwa binti yake, akazibonyeza nyuzi kwa dole gumba, moja moja, kama anavyopima mkanda wa gari dukani kwake.

"Umefunga wewe hizi?"

"Ndiyo baba. Leo alfajiri."

Akazibonyeza tena. "Zimekaa sawa." Akamrudishia. "Alhamisi, saa tatu."