Kukata Tu

"Kumbe kazi yenyewe ni kukata tu?" Shangazi aliniuliza hivyo Jumapili kuhusu kazi yangu ya kuhariri filamu, amesimama nyuma ya kiti changu na kikombe chake cha kahawa, nami nikamjibu, "Ndiyo, Shangazi." Wiki hii Kaka amerejea Muscat na mahari ya mdogo wetu imepokewa, lakini linalonikaa moyoni ni ile "tu" yake na, zaidi ya hiyo, "ndiyo" yangu.

Ningemweleza habari za Renu Saluja, mhariri wa filamu wa India. Shangazi, aliyeumaliza ujana wake katika majumba ya sinema ya Tanga na ambaye hadi leo huimba Kihindi jikoni bila kujua maana yake, hajapata kulisikia jina hilo. Mwanamke huyo alikwenda chuo cha filamu cha Pune akitaka kusomea uongozaji, akanyimwa nafasi, akapewa uhariri, akahitimu mwaka 1976. Kisha akafanya kazi Bombay, enzi ambayo filamu ilikatwa kwa mkono na kuungwa kipande kwa kipande, akahariri kichekesho cha Jaane Bhi Do Yaaro (1983) na baadaye Parinda (1989), iliyompatia tuzo ya kwanza kati ya nne za taifa alizopata kwa uhariri. Alifariki mwaka 2000, akiwa na miaka 48. Niliwahi kuandika hapa kwamba laiti angalipewa uongozaji. Sasa naona nilimpunja, kana kwamba uhariri ni kazi ndogo.

Hotuba hiyo nimeipanga tangu Jumatatu, kila usiku nikiondoa sentensi moja na kuirudisha.

Alhamisi Shangazi akapiga simu, bila hata salamu. "Mbona shoga yangu umemwondoa?" Katika video ya harusi niliyoihariri nilikuwa nimetoa dakika sita za shoga yake akicheza, kwa kuwa mwanga ulikuwa hafifu naye aliikodolea kamera macho kana kwamba anaidai. Sasa shoga hasemi naye, amerudisha hata sufuria aliyoazima, na mtaa mzima unaamini kwamba Shangazi ndiye aliyeniagiza. Nilicheka mpaka nikaketi chini.

"Lakini Shangazi, ni kukata tu."

Akanyamaza. "Basi mrudishe."

Nitamrudisha kwa sekunde ishirini, si zaidi. Ila diski niliyohifadhia harusi hiyo imeanza kulia kama nyenje, na nakala nyingine sina.