Siku yangu kati ya twiga, kamera na kanga

Saa 11 alfajiri. Kabla ya chai nagusa kwa kidole ukingo wa picha niliyoiacha sebuleni. Rangi ya mafuta, hii ya makopo ya kupakia mageti, haina haraka. Nikichora twiga juu ya mandhari ambayo rangi yake haijakauka, madoa yanavuja. Edward Saidi Tingatinga, mwanzilishi wa mtindo wetu wa uchoraji, aliipaka kwenye hadibodi pale Oysterbay, Dar es Salaam, mwishoni mwa miaka ya 1960, nasi tunaomfuata bado tunaipendea mng'ao wake. Twiga ndio wanaolipa kodi ya nyumba. Filamu hulipa ikijisikia.

Saa 2 asubuhi niko Sinza, kwenye nyumba tunayopigia filamu; kazi yangu hapa ni mandhari na mavazi. Hapa mng'ao uleule ni adui. Sebule ilipakwa rangi ya mafuta zamani, na taa zikiwashwa zote zinajionyesha ukutani. Tunafunika kwa rangi ya maji isiyong'aa, ya udongo uliopauka. Nyeupe siitaki: mwigizaji mweusi akisimama mbele yake, ama uso unazama gizani, ama ukuta unaungua kwa mwanga. Mpiga picha ananielewa. Mwongozaji anauliza tu tunamaliza saa ngapi.

Mhusika mkuu kaja na shati la mistari myembamba. Namvua. Kwenye kamera mistari ile inatetemeka mpaka macho yanauma.

Saa 8 mchana, wali maharage tukiwa tumesimama.

Saa 10 jioni, mazoezi ya tamthilia Mikocheni. Kuna onyesho ambalo mama mmoja anaanika kanga ili kumsema jirani yake. Kwenye filamu ningeleta kanga ya dukani, kamera ingeisogelea yenyewe. Jukwaani hakuna wa kumsogezea mtazamaji wa safu ya mwisho, kwa hiyo nimechora kanga nzima juu ya kitambaa cha marekani: pindo, mji (ile sehemu ya katikati), na jina lenye herufi ndefu kama mkono wangu, MDHANIAYE NDIYE KUMBE SIYE. Leo imeanikwa kwa mara ya kwanza. Wenzetu waliokaa nyuma wameangua kicheko kabla mama hajafungua mdomo.

Anayeigiza jirani akaja juu: mwenzake ana kanga, yeye atajibu kwa nini, kwa mikono mitupu? Ana haki. Tumebishana kuhusu jina la kanga yake mpaka saa 3 usiku, kila mtu na la bibi yake, bila kuafikiana. Kitambaa cha kanga hiyo ya pili nimekibeba hata hivyo. Pindo na mji vinaweza kutangulia.